Mchekeshaji Asiye na Sauti: Raymond Griffith na Enzi ya Filamu Bubu za Marekani

Ikisiri

Makala haya yanaeleza safari ya kisanaa ya Raymond Griffith, mwigizaji wa vichekesho wa Marekani aliyekuwa nyota wa kampuni ya Paramount katikati ya miaka ya 1920, na ambaye leo hatajwi sana nje ya duru za watafiti wa sinema. Griffith aliharibikiwa na sauti akiwa bado mtoto, akaishi maisha yake yote akizungumza kwa mnong'ono wenye mkwaruzo. Katika filamu bubu hali hiyo haikumzuia. Filamu zilipoanza kusema, ilimwondoa mbele ya kamera. Makala yanajenga hoja kwamba upungufu wa msanii haumo mwilini mwake peke yake, bali hutokana na uhusiano uliopo kati ya mwili huo na chombo kinachomfikisha kwa hadhira. Aidha, yanaonyesha kwamba kusahauliwa kwa Griffith hakuwezi kuelezwa bila kuzingatia kupotea kwa mikanda ya filamu zake. Kwa hiyo, kimya kilichomzunguka kinajadiliwa katika ngazi tatu: kimya cha koo, kimya cha chombo na kimya cha ghala.

Maneno makuu: filamu bubu, vichekesho, sauti, uigizaji, uhifadhi

1.0 Utangulizi

Istilahi filamu bubu ina utata ndani yake. Neno bubu kwa kawaida humrejelea mtu asiyeweza kusema. Hata hivyo, filamu zilizotengenezwa kabla ya mwisho wa miaka ya 1920 hazikuonyeshwa katika ukimya. Katika kumbi ndogo palikuwa na mpiga piano. Katika kumbi kubwa za mijini palikuwa na kinanda cha mabomba au okestra nzima. Waigizaji nao walizungumza mbele ya kamera, midomo yao ikaonekana ikitembea, na maneno yaliyo muhimu yakaletwa kwa vibao vya maandishi vilivyoingizwa kati ya picha na picha. Kilichokosekana, basi, si sauti kwa jumla, bali sauti ya mwigizaji mwenyewe. Mtazamaji aliuona mdomo ukisema, kisha akaibuni sauti ya msemaji kichwani mwake.

Tofauti hii ni ndogo kuitaja, lakini ndiyo iliyomwezesha Raymond Griffith kuwa nyota. Alikuwa mtu asiyeweza kupaza sauti. Mnong'ono wake usingefika hata safu ya tatu ya ukumbi wa tamthilia. Hata hivyo, mamilioni ya watazamaji wa filamu bubu hawakuwa na namna ya kulijua jambo hilo, wala hawakuwa na haja ya kulijua.

Wanapotajwa wachekeshaji wakuu wa filamu bubu za Marekani, majina manne hurudiwa: Charlie Chaplin, Buster Keaton, Harold Lloyd na Harry Langdon. Mhakiki Walter Kerr, katika kitabu chake The Silent Clowns kilichotoka mwaka 1975, alimpa Griffith nafasi kubwa na kumhesabu miongoni mwa wanaostahili kutajwa baada ya hao wanne. Kabla ya hapo, jina lake lilikuwa limekaribia kufutika. Swali linaloongoza makala haya ni hili: kwa nini msanii wa kiwango hicho alitoweka, na kutoweka kwake kunatufundisha nini kuhusu uhusiano wa sauti, mwili na kumbukumbu katika sanaa za maonyesho?

2.0 Kimya cha Koo: Kuharibika kwa Sauti

Griffith alizaliwa Boston, katika jimbo la Massachusetts, mwaka 1895 kwa mujibu wa kumbukumbu zinazotumiwa zaidi. Familia yake ilikuwa ya watu wa jukwaani, naye akaingia katika uigizaji tangu utotoni. Ni katika kipindi hicho cha utoto ndipo sauti yake ilipoharibika moja kwa moja.

Kuna masimulizi mawili kuhusu tukio hilo. La kwanza ni la Griffith mwenyewe. Alisema kwamba alipokuwa mwigizaji mtoto, alipewa nafasi katika tamthilia ya misisimko iliyomtaka apige mayowe kwa nguvu zake zote kila usiku, hadi koo likashindwa. La pili ni la watu wengine, ambao walisema kwamba aliugua dondakoo, ugonjwa uliokuwa ukiua watoto wengi kabla ya chanjo yake kuenea, na kwamba ugonjwa huo ulijeruhi nyuzi zake za sauti.

Masimulizi haya mawili hayana uzito sawa kitabibu, lakini kwa mtafiti wa sanaa yote yana maana. Katika simulizi la pili, mtoto anapatwa na maradhi kama watoto wengine wa zama zake. Katika simulizi la kwanza, mtoto anaitoa sauti yake kwa hadhira, usiku baada ya usiku, mpaka inakwisha. Iwe ni kweli au la, hilo ndilo simulizi ambalo Griffith alichagua kulibeba. Linamwonyesha kama mtu ambaye hakunyimwa sauti, bali aliitumia yote mapema mno. Msanii anayejisimulia hivyo ameshaanza kuugeuza msiba wake kuwa sehemu ya kazi yake.

Kwa mtoto wa jukwaani, kupotewa na sauti kulimaanisha kupotewa na riziki. Tamthilia ya wakati huo ilitegemea sauti kuliko kitu kingine chochote. Hapakuwa na vipaza sauti vya umeme. Mwigizaji alitakiwa asikike hadi viti vya nyuma kabisa kwa nguvu za kifua chake. Griffith akageukia sanaa ambazo hazikuhitaji koo. Alicheza dansi na kuifundisha, akafanya kazi katika sarakasi, akazunguka na kundi la Wafaransa la maigizo ya ishara. Aliwahi pia kuhudumu katika jeshi la majini la Marekani.

Kundi lile la maigizo ya ishara lilikuwa shule yake kubwa. Katika sanaa hiyo, mwigizaji hujifunza kwamba ishara moja iliyo sahihi ina nguvu kuliko ishara kumi zinazosukumana. Mkono unaonyanyuliwa bila sababu huivuruga maana ya mkono utakaonyanyuliwa kwa sababu. Mafunzo hayo ya kubana matumizi ya mwili ndiyo yatakayomtofautisha Griffith na wenzake mara atakapofika mbele ya kamera.

3.0 Kutoka Chumba cha Waandishi hadi Unyota

Griffith aliingia katika sinema katikati ya miaka ya 1910. Kufikia mwaka 1916 alikuwa katika kampuni ya Keystone ya Mack Sennett, ambako Chaplin alianzia miaka miwili kabla, na mwaka huo alionekana katika filamu fupi ya The Surf Girl. Keystone ilijulikana kwa vichekesho vya mbio: polisi wanaofukuzana, magari yanayogongana, watu wanaotumbukia majini. Waigizaji wake walitumia nyuso na viungo vyao kwa kasi na kwa kuzidisha. Kwa mtu aliyefunzwa utulivu wa maigizo ya ishara, huo haukuwa mtindo uliomfaa.

Labda ndiyo sababu kazi yake ya thamani zaidi kwa Sennett haikuwa mbele ya kamera. Griffith aligeuka kuwa mbunifu wa visa vya kuchekesha na msaidizi wa Sennett katika kuandaa hadithi. Kazi hiyo ilifanywa kwa mdomo zaidi kuliko kwa kalamu. Watu walikaa pamoja, mmoja akatoa wazo, mwingine akalipindua, wa tatu akalimalizia. Mahali hapo mnong'ono ulitosha, kwa kuwa wasikilizaji walikuwa karibu. Kwa miaka kadhaa Griffith alijifunza namna kisa cha kuchekesha kinavyojengwa: kinavyoanzishwa, kinavyocheleweshwa, na kinavyofunguka pale mtazamaji anapodhani kuwa kimeshakwisha.

Alirudi kuigiza mwanzoni mwa miaka ya 1920. Mwaka 1922 alionekana katika Fools First iliyoongozwa na Marshall Neilan. Baadaye akaingia Paramount, ambako alipewa kwanza nafasi za kusaidia. Katika Changing Husbands na Open All Night za mwaka 1924, na katika Miss Bluebeard ya mwaka 1925 ambayo nyota wake alikuwa Bebe Daniels, mwigizaji huyu wa pembeni alianza kuonekana kuwa na mvuto unaoshindana na ule wa wahusika wakuu. Kampuni ikatambua. Mwaka huohuo wa 1925 akapewa uhusika mkuu katika The Night Club, Paths to Paradise na A Regular Fellow. Mwaka 1926 zikafuata Hands Up!, Wet Paint na You'd Be Surprised. Kwa muda wa miaka miwili hivi, mtu aliyekataliwa na jukwaa kwa sababu ya koo lake alikuwa miongoni mwa nyota wa kampuni kubwa kabisa ya filamu nchini mwake.

4.0 Mtindo wa Griffith: Kichekesho cha Utulivu

Kila mchekeshaji mkuu wa enzi hiyo alijengewa umbo linalotambulika mara moja. Chaplin alikuwa fukara mwenye adabu za kibwana. Keaton alikuwa mtu wa uso usiobadilika anayepambana na mitambo na upepo. Lloyd alikuwa kijana wa miwani mwenye hamu ya kufanikiwa. Langdon alikuwa mtu mzima mwenye moyo wa mtoto mchanga. Griffith alivaa kofia ndefu ya hariri, suti ya jioni, wakati mwingine joho, na alikuwa na masharubu yaliyochongwa vizuri. Mhusika wake alikuwa bwana mtanashati ambaye hakuna jambo linalomshangaza.

Msingi wa vichekesho vyake ni kwamba mambo yanaharibika upesi na yeye haharibiki nayo. Wahusika wengine wanapohaha, yeye hufikiri. Mtazamaji humwona akifikiri, kisha humwona akipata wazo, kisha hucheka kabla wazo lenyewe halijatekelezwa, kwa kuwa ameshaliona machoni mwake. Hiki si kichekesho cha kuanguka bali ni kichekesho cha akili, na kinahitaji kamera iliyo karibu na mwigizaji anayejua kupunguza.

Mfano wa wazi umo katika Hands Up!, iliyoongozwa na Clarence Badger. Hadithi yake imewekwa wakati wa Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe vya Marekani (1861–1865). Griffith ni jasusi wa majimbo ya Kusini aliyetumwa kuzuia dhahabu ya mgodi mmoja wa magharibi isiwafikie watu wa Kaskazini. Anakamatwa na kusimamishwa mbele ya askari wa kumpiga risasi. Badala ya kulia au kukimbia, anarusha sahani hewani. Askari, kwa mazoea ya mikono yao, wanailenga sahani badala ya mtu. Anarusha nyingine, na nyingine tena. Hukumu ya kifo inageuka kuwa mchezo wa shabaha, na wanaotakiwa kumuua wanakuwa washiriki wa mchezo huo bila kujitambua.

Hadhira iliyokulia katika visa vya Sungura na Abunuwasi haitapata taabu kukitambua kisa cha namna hii. Katika simulizi hizo, mnyonge haokolewi na nguvu wala na huruma ya mwenye nguvu. Huokolewa kwa kumfanya mwenye nguvu asahau alichokuwa anakitaka. Hakuna ushahidi wala haja ya kudai kwamba Griffith alizijua simulizi hizo. Ulinganisho huu unatumika kuonyesha aina ya ucheshi wake tu. Yeye ni wa ukoo wa wajanja, ilhali wengi wa wachekeshaji wa Keystone walikuwa wa ukoo wa wajinga wanaopatwa na mikosi.

Ujanja huo unaonekana pia katika Paths to Paradise, iliyoongozwa na Badger vilevile. Filamu inaanzia katika mtaa wa Wachina mjini San Francisco, ambako mwanamke tapeli, anayeigizwa na Betty Compson, na wenzake wameandaa pango bandia la kutisha ili kuwatoza fedha watalii wanaotafuta msisimko. Griffith anaingia kama mtalii mshamba. Mara anajitambulisha kuwa mpelelezi, anaonyesha beji, na anakubali kuhongwa ili aondoke. Ni baada ya kuondoka ndipo matapeli wanapogundua kwamba beji waliyoiogopa ilikuwa ya mkaguzi wa gesi. Tapeli ametapeliwa. Kisa chote kinategemea uso wa mwigizaji. Kama Griffith angeonyesha dalili yoyote ya kufurahia uongo wake, mtazamaji angeushtukia mapema. Kwa kuwa hafanyi hivyo, mtazamaji anadanganyika pamoja na matapeli.

Ni sahihi kusema pia kwamba filamu hizi zina doa la zama zake. Hands Up! inamfanya shujaa wake kuwa mtumishi wa upande uliopigana kulinda utumwa, na hadithi yake ya kuchekesha haijengwi juu ya ukweli huo hata kidogo. Wenyeji asilia wa Marekani wanatumiwa humo kama kitu cha kufanyia mzaha. Kuhusu Paths to Paradise, inaweza kutetewa kwamba pango lile ni bandia na kwamba anayechekwa ni mtalii mwenye dhana potofu, lakini dhana yenyewe inabaki kuwa malighafi ya kichekesho. Kumsifu Griffith kwa ufundi wake hakumlazimishi mhakiki kuyafumbia macho mambo haya.

Jambo la mwisho kuhusu mtindo wake linarudi kwenye koo. Mtu anayenong'ona hawezi kumshinda mwenzake kwa kelele. Hungoja, huchagua wakati, na huwafanya wengine wasogee karibu ili wamsikie. Mwenendo huohuo ndio unaoonekana katika uigizaji wake. Haiwezekani kuthibitisha kwamba udhaifu wa sauti ndio uliozaa utulivu wa mwili. Inawezekana kusema kwamba vitu hivyo viwili vilipatana, na kwamba filamu bubu ilikuwa mahali pekee ambapo mapatano hayo yangeweza kumfikisha kwenye unyota.

5.0 Kimya cha Chombo: Filamu Zinapoanza Kusema

Tarehe 6 Oktoba 1927, filamu ya The Jazz Singer ilionyeshwa kwa mara ya kwanza mjini New York. Sehemu yake kubwa ilikuwa bado bubu, lakini nyimbo zake na mazungumzo yake machache yalisikika kutoka kwa mwigizaji mwenyewe, Al Jolson. Katika muda wa miaka mitatu hivi, kampuni kubwa za Hollywood ziliacha kutengeneza filamu bubu na kuhamia katika filamu zenye mazungumzo.

Filamu za Griffith za mwisho akiwa nyota wa Paramount, Wedding Bills na Time to Love, zilitoka mwaka huohuo wa 1927. Mwaka 1929 alikuwa mhusika mkuu wa Trent's Last Case, iliyoongozwa na Howard Hawks kwa ajili ya kampuni ya Fox. Ilikuwa filamu isiyo na mazungumzo ya kusikika, iliyotoka wakati ambapo watazamaji walikuwa wameshaanza kudai mazungumzo. Mwaka huo pia Griffith alijaribu bahati yake katika filamu mbili fupi za sauti, Post Mortems na The Sleeping Porch. Majaribio hayo hayakumfungulia njia.

Historia ya sinema ina visa vingi vya waigizaji walioangushwa na ujio wa sauti. Wengine walikuwa na lafudhi za kigeni. Wengine walisemekana kuwa na sauti zisizolingana na sura zao. Visa hivyo mara nyingi vina chumvi, na wengi wa waigizaji hao waliporomoka kwa sababu nyingine kama mikataba, umri au mabadiliko ya ladha. Kisa cha Griffith ni tofauti kwa kuwa hakihitaji chumvi. Wenzake waliambiwa sauti zao hazifai. Yeye sauti ya kupimwa hakuwa nayo. Maikrofoni za mwanzo hazikuwa na uwezo wa kukikamata kwa uaminifu kitu chembamba kama mnong'ono wake, na hata kama zingekuwa nao, vichekesho vya mazungumzo vilitaka majibizano ya haraka na yenye sauti nyingi.

Hapa ndipo hoja ya makala haya inapojengeka. Kati ya mwaka 1925 na mwaka 1929 hakuna kilichobadilika katika mwili wa Griffith. Koo lilikuwa lilelile, uso uleule, akili ileile. Kilichobadilika ni chombo. Mwaka 1925 chombo hicho hakikumwomba sauti, kwa hiyo hakuwa na upungufu. Mwaka 1929 kilimwomba, kwa hiyo akawa na upungufu. Utotoni mwake jukwaa lilikuwa limefanya jambo hilohilo. Kwa hiyo, mara mbili katika maisha yake alitangazwa kuwa hafai, na kati ya mara hizo mbili palikuwa na dirisha la miaka michache ambamo alikuwa mmoja wa walio bora.

6.0 Mwonekano wa Mwisho: Askari Katika Shimo la Bomu

Mwaka 1930 mwongozaji Lewis Milestone aliitoa filamu ya All Quiet on the Western Front, iliyotokana na riwaya ya Mjerumani Erich Maria Remarque kuhusu Vita Kuu ya Kwanza. Filamu hiyo ilipata tuzo ya Akademia ya filamu bora, na Milestone akapata ya mwongozaji bora. Ni filamu ya sauti, na sauti zake ni za kuogofya: makombora, bunduki za rashasha, mayowe ya majeruhi.

Katikati ya kelele hizo kuna mandhari ya shimo lililochimbwa na bomu. Askari kijana wa Kijerumani, Paul Bäumer, anayeigizwa na Lew Ayres, amejificha humo. Askari wa Kifaransa anaanguka ndani, na Paul, kwa hofu, anamchoma kisu. Mfaransa hafi upesi. Wawili hao wanakaa pamoja usiku kucha, mmoja akikata roho polepole na mwingine akimpa maji, akimwomba radhi, akimsihi asife. Asubuhi Paul anaifungua pochi ya marehemu na kuona picha ya mke na mtoto wake. Jina la askari huyo ni Gérard Duval, na mwigizaji wake ni Raymond Griffith. Jina la Griffith halikuandikwa katika orodha ya waigizaji.

Mhusika huyu hasemi neno. Uso wake tu ndio unaofanya kazi: macho yanayomfuata muuaji, midomo inayofunguka bila kutoa kitu, na mwishowe utulivu wa mauti. Ni utulivu uleule ambao miaka minne kabla uliwachekesha watu mbele ya askari wenye bunduki katika Hands Up!. Pale mtu aliyetakiwa kufa alinusurika kwa ujanja. Hapa hakuna sahani ya kurusha. Waswahili husema kimya kingi kina mshindo mkuu. Katika filamu iliyojaa mishindo ya mizinga, Paul Bäumer anazungumza mfululizo kwa sababu tu aliye mbele yake hamjibu, na uzito wa mandhari nzima unabebwa na yule asiyejibu. Baada ya hapo Griffith hakuigiza tena.

7.0 Kimya cha Ghala: Upande wa Pili wa Kamera na Hatima ya Mikanda

Kuacha kuigiza hakukuwa mwisho wa kazi yake. Griffith alirudi kwenye ufundi aliojifunza kwa Sennett. Aliandika miswada ya filamu, ikiwamo ya God's Gift to Women ya mwaka 1931 aliyoshirikiana na Joseph Jackson, kisha akawa mtayarishaji mshiriki katika kampuni ya Twentieth Century, iliyoanzishwa mwaka 1933 na kuungana na Fox mwaka 1935. Jina lake limo katika filamu kama The House of Rothschild (1934), Heidi (1937), Drums Along the Mohawk (1939) na The Mark of Zorro (1940). Watazamaji waliozipenda filamu hizo hawakuwa na sababu ya kujua kwamba mmoja wa watu walioziandaa aliwahi kuwa mchekeshaji. Alifariki tarehe 25 Novemba 1957 mjini Los Angeles, baada ya kupaliwa na chakula akiwa katika klabu ya waigizaji ya Masquers.

Wakati huo kazi zake nyingi za uigizaji zilikuwa zimeshatoweka au ziko mbioni kutoweka. Sababu zilikuwa za kimada na za kibiashara. Mikanda ya wakati huo ilitengenezwa kwa naitreti, kemikali inayoshika moto kwa urahisi na kuoza yenyewe isipohifadhiwa vizuri. Kampuni nazo, baada ya ujio wa sauti, hazikuona faida ya kugharimia maghala ya filamu ambazo hakuna ukumbi ungezitaka tena. Nyingine ziliteketea, nyingine ziliyeyushwa ili kupata madini ya fedha yaliyokuwa ndani yake. Utafiti uliotolewa na Maktaba ya Bunge la Marekani mwaka 2013 ulionyesha kwamba, kati ya filamu ndefu bubu zipatazo 11,000 zilizotengenezwa nchini humo kati ya mwaka 1912 na 1929, ni asilimia 14 tu ndizo zilizobaki zikiwa kamili na katika umbo lake la asili.

Filamu za Griffith hazikuepuka hatima hiyo. Paths to Paradise, inayohesabiwa kuwa miongoni mwa kazi zake bora, imebaki bila sehemu yake ya mwisho. Nakala inayoonekana leo inakoma wezi wawili wakiwa mbioni kuelekea mpaka wa Meksiko, na mtazamaji hauoni uamuzi wao kuhusu mkufu walioiba. Hands Up! ilinusurika, na mwaka 2005 iliingizwa katika Orodha ya Taifa ya Filamu ya Marekani, yaani filamu zinazotambuliwa kuwa na thamani ya kudumu kwa utamaduni, historia au sanaa.

Hali hii inalitia shaka wazo lililo katika methali isemayo chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Chema hujiuza pale tu kinapokuwepo sokoni. Chaplin na Lloyd walizimiliki filamu zao nyingi na wakazitunza wenyewe. Griffith alikuwa mwajiriwa. Filamu zake zilikuwa mali ya kampuni, na kampuni ilizitunza kwa kadiri zilivyoiingizia fedha. Kwa hiyo, orodha ya mabingwa inayofundishwa leo si hukumu ya ubora peke yake. Ni pia matokeo ya nani alikuwa na hati ya umiliki, ghala kavu, na uhai mrefu wa kutosha kufungua tena mikebe yake.

8.0 Hitimisho

Makala haya yamefuatilia safari ya Raymond Griffith kupitia vimya vitatu. Kimya cha koo kilimtoa jukwaani na kumpeleka kwenye sanaa za mwili. Kimya cha chombo, yaani filamu bubu, kilimpa hadhira. Chombo kilipopata sauti, hadhira hiyo ikamponyoka. Kimya cha ghala kikawanyima waliokuja baadaye nafasi ya kumhukumu kwa macho yao. Kati ya vimya hivyo vitatu, ni kimoja tu kilichotoka mwilini mwake. Viwili vingine vilitokana na maamuzi ya watu: namna ya kutengeneza filamu, na namna ya kuzitunza.

Funzo hilo lina manufaa kwa watafiti wa vichekesho na sanaa za maonyesho kwa Kiswahili, ambao mara nyingi huanza na lugha: utani, mafumbo, mchezo wa maneno. Kisa cha Griffith kinahimiza kuanza pia na mwili usiosema, na kuuliza chombo kinamdai nini msanii kabla ya kuamua kwamba msanii huyo amepungukiwa. Kinahimiza vilevile kwamba mtafiti anayetaka kujua nani alikuwa bora katika kizazi fulani aulize kwanza ni kazi za nani zilizohifadhiwa, mahali gani, na katika hali gani. Bila swali hilo, utafiti unaweza kuyarudia majina yaleyale kwa karne nzima, huku kisa cha mchekeshaji mwingine kikiishia mahali mkanda ulipokatikia.